Gari la Fahari la Okazi, na Hadhari za Mnunuzi wa Lubumbashi

Mji wa Lubumbashi ulianza kujengwa mwaka 1910 kwa ajili ya shaba, na hata leo, shaba ipandapo bei katika soko la dunia, alama ya kwanza ya neema hiyo huonekana barabarani: Mercedes-Benz nyeusi hupita Avenue Lumumba, Range Rover husimama mbele ya lango katika mtaa wa Golf, Lexus na Land Cruiser hujipanga nje ya kanisa siku ya arusi. Mtazamaji asiye na habari hudhani kwamba magari hayo yote yalitoka kiwandani yakaja moja kwa moja huku. La hasha. Mengi yamekwisha kuwatumikia watu wengine kwa miaka mitano, kumi au zaidi, huko Japani, Dubai, Ubelgiji au Afrika ya Kusini, kabla ya kununuliwa na mtu wa Katanga kwa jina la gari la okazi. Hapana aibu katika jambo hilo. Gari bora lililotumiwa kwa uangalifu huweza kumfaa mwenye nalo kuliko jipya lililoundwa kwa kubana gharama, na mtu wa pato la kati, awe mhandisi wa mgodi, mwalimu mkuu au mfanyabiashara wa Kasumbalesa, hana njia nyingine ya kuketi katika gari la daraja hilo. Lakini yeye hutoa akiba ya miaka, na aila yake ndiyo itakayopakiwa humo kwenda Likasi usiku wa mvua. Kwa hiyo ana haki, tena ana wajibu, wa kujua anachokinunua.

Na ajiulize kwanza kwa nini gari lile limekuwa rahisi. Gari ambalo lilipokuwa jipya liliuzwa kwa thamani ya nyumba nzuri, sasa, baada ya miaka kumi na mitano, linapatikana kwa bei ya gari dogo la kawaida, na huku rangi yake inang'aa na viti vyake ni vya ngozi. Sababu ni moja, nayo ndiyo msingi wa shauri lote linalofuata: bei ya gari hushuka kila mwaka, lakini bei ya vipuri vyake haishuki pamoja nayo. Springi ya hewa ya Range Rover, kompyuta ya gia ya Mercedes, injekta ya dizeli ya BMW, vyote huendelea kuuzwa kwa hisabu ya gari la tajiri, hata kama gari lenyewe limekwisha kuangukia mkono wa mtu wa mshahara. Mwenyewe wa kwanza alilitunza kwa kuwa lilikuwa katika dhamana ya kiwanda. Wa pili akalitunza kadiri ya uwezo wake. Wa tatu, alipotajiwa gharama ya gia mpya, aliona heri aliuze upesi likiwa bado linakwenda. Basi gari linalosimama mbele yako limefika hapo, mara nyingi, katika saa ile ile ambapo mwingine amelikimbia deni lake, na deni hilo halikuandikwa popote isipokuwa ndani ya chuma.

Kwa hiyo mtu asitoe fedha zake zote siku ya kununua. Mwenye dola elfu kumi na atafute gari la elfu nane, sehemu moja kati ya tano ibaki mkononi mwake, maana mwaka wa kwanza gari la namna hii hudai mafuta mapya ya injini na ya gia, breki, tairi, na walau kitu kimoja ambacho hakuna aliyekitabiri.

Njia zinazoleta magari huku zina athari yake katika afya ya gari, na mnunuzi hana budi kuzijua. Gari la Japani hushushwa melini Dar es Salaam, kisha huendeshwa kwa magurudumu yake lenyewe kupita Morogoro, Iringa, Mbeya na Tunduma. Huingia Zambia kwa Nakonde, likapita Mpika, Kapiri Mposhi, Ndola na Chililabombwe, hata likafika mpakani Kasumbalesa, kilomita karibu 90 kutoka Lubumbashi. Watanzania huyaita magari hayo ya IT, yaani yanayopita tu kwenda nchi nyingine, na dereva wake, ambaye gari si lake na ambaye safari ikiisha anaanza nyingine, hana sababu ya kulihurumia juu ya matuta. Gari lenye kilomita 60,000 za lami ya Nagoya limekwisha kuonja kilomita karibu 2,000 za mashimo na malori ya shaba kabla hujalitia machoni. Njia ya pili ni ya kusini, kutoka Durban na Johannesburg, ama kwa Zimbabwe ama kwa Botswana na daraja la Kazungula lililofunguliwa mwaka 2021. Magari ya njia hiyo huwa yana historia ya barabara za Afrika, na pamoja nayo huja hatari nyingine nitakayoitaja mbele, ya magari ya wizi.

Japani ni nchi ya visiwa, na katika Hokkaido na kaskazini ya Honshu barabara hunyunyiziwa chumvi wakati wa theluji. Chumvi hiyo hula chuma cha chini polepole, mahali ambapo mnunuzi aliyevaa nguo safi hapendi kuinama. Nimeona magari ambayo juu yalikuwa kama yametoka dukani jana, na chini mabomba ya breki yalikuwa yamevimba kutu kiasi cha kukwaruzika kwa ukucha. Mabomba ya breki yakipasuka kwenye mteremko, hakuna fahari itakayokuokoa.

Jambo jingine la njia ya Japani ni usukani. Kongo huendesha upande wa kulia wa barabara, na usukani wa nchi hii ulistahili kuwa kushoto. Japani, Tanzania, Zambia na Afrika ya Kusini huendesha upande mwingine, na kwa ajili hiyo Lubumbashi imejaa magari ya usukani wa kulia. Mjini, kati ya Kamalondo na Kampemba, jambo hilo huvumilika. Lakini katika barabara ya Likasi na Kolwezi, ambapo lori moja la mgodi hufuatwa na jingine na jingine, dereva wa usukani wa kulia hawezi kuona kinachokuja mpaka nusu ya gari lake iwe imekwisha kutoka nje, naye hulazimika kumuuliza abiria wa kushoto kama njia ni nyeupe. Mtu atakayesafiri njia hiyo kila wiki, mimi namsihi avumilie bei ya juu kidogo atafute gari la usukani wa kushoto, la Dubai au la Ulaya. Na akiletewa gari ambalo usukani umegeuzwa na mafundi wa mtaani, ukatolewa kulia ukatiwa kushoto, alikatae bila kuuliza bei: humo ndani waya zimekatwa, mfuko wa hewa umeondolewa au umefungwa mahali pasipo pake, na mkono wa usukani umechomelewa.

Katika kusifu njia ya Japani nisiwe mchoyo: hakuna nchi inayotoa ithibati nyingi kuliko hiyo kwa mtu ajuaye kuidai. Gari la mtu binafsi huko hukaguliwa na serikali mara ya kwanza baada ya miaka 3, kisha kila miaka 2, na kilomita zake huandikwa. Likiuzwa mnadani huandikiwa karatasi na mkaguzi asiye na faida katika bei yake, na karatasi hiyo hutoa daraja: 5 na 4.5 ni gari safi sana, 4 ni zuri, 3.5 ni la wastani, na herufi R au RA maana yake limepata ajali likatengenezwa. Pembeni huwa na mchoro wa gari wenye herufi ndogo: A ni mkwaruzo, U ni kibonyeo, W ni mahali palipopigwa rangi upya, S ni kutu, XX ni kipande kilichobadilishwa. Muuzaji mwaminifu huitoa karatasi hiyo pasipo kusukumwa. Anayesema imepotea, mpe heshima yake, lakini uipunguze bei kana kwamba daraja lake ni R.

Dubai ni jambo mbali. Toka mwaka 2000 kuna eneo lake huru la magari, Ducamz, na jirani yake Sharjah kuna masoko ya magari yanayojulikana Afrika nzima. Hapo mtu hupata Lexus na Land Cruiser za usukani wa kushoto zilizozoea joto, zisizojua chumvi. Lakini katika masoko hayo hayo huletwa pia magari ya Marekani yaliyogongwa au yaliyozama, yakanunuliwa minadani kama mabaki, yakanyooshwa na kupakwa rangi. Na tarehe 16 Aprili 2024 mvua iliyonyesha katika Falme za Kiarabu ilikuwa kubwa kuliko zote tangu kumbukumbu zilipoanza kuandikwa mwaka 1949, nayo ilizamisha magari mengi katika njia za Dubai na Sharjah. Maji yakiingia katika gari la kisasa, hayaliui siku ile. Hukaa katika viungo vya waya na kuvila, na baada ya miezi taa huwaka zenyewe, madirisha hugoma, kompyuta ya breki hunyamaza. Inua zulia chini ya miguu ya dereva uguse waya kwa kidole. Vuta mkanda wa kiti mpaka mwisho wake uangalie kama kuna mstari wa tope. Fungua mahali pa tairi ya akiba. Mtu anaweza kuosha viti vyote, lakini adimu ni yule anayekumbuka kuosha mwisho wa mkanda.

Sasa, lipi lichaguliwe? Watu hubishana juu ya majina kama wanavyobishana juu ya timu ya Mazembe, na kila mtu ana shahidi wake. Mimi nashika kipimo kimoja tu: ni nani, hapa Lubumbashi, atakayelitengeneza, na kipuri chake kitapatikana kwa siku ngapi? Kwa kipimo hicho aila ya Toyota inatangulia mbali, kwa kuwa migodi yenyewe hutembea kwa Land Cruiser, na mafundi waliofundishwa na migodi wametapakaa toka Ruashi hadi Katuba. Land Cruiser ya mia moja (100 Series), iliyoundwa toka 1998 hadi 2007, yenye injini ya esansi (petroli) ya V8 ya lita 4.7, na dada yake Lexus LX 470, ni magari ya fahari ambayo fundi wa kawaida anaweza kuyaelewa. Haja yao kubwa ni mkanda wa injini kubadilishwa kila kilomita 100,000 hadi 150,000, na kunywa esansi kwa wingi. Tena kuna siri ndogo inayomfaa mnunuzi wa Japani: jina la Lexus halikuuzwa huko mpaka mwaka 2005, na kabla ya hapo magari yale yale yalikuwa na nembo ya Toyota. LX 470 iliitwa Land Cruiser Cygnus, LS iliitwa Celsior, RX iliitwa Harrier, GS iliitwa Aristo. Anayenunua Celsior iliyotunzwa amenunua Lexus LS, ila hakulipia jina.

Mercedes nazo zina watu wao, na sina nia ya kuwavunja moyo. Ile ya zamani, W124, iliyotoka mwaka 1984, bado inatembea mjini na itaendelea kutembea. Katika zile za baadaye, daraja la E la W211 lililotoka mwaka 2002 lilikuwa na breki za umeme ambazo zilikikosesha kiwanda usingizi. Mwaka 2004 magari 680,000 yaliitwa kurudishwa kwa ajili yake, na mwaka 2006 kiwanda kikaziacha kabisa kikarudia breki za kawaida. Basi W211 ya baada ya mabadiliko hayo, ya esansi, isiyo na springi za hewa, ni gari la kufikiriwa. Ile ya kabla yake sikushauri.

Kwa BMW, jihadhari na dizeli ya lita 2 iliyoundwa kati ya 2007 na 2011. Mnyororo wake uko nyuma ya injini, upande wa gia, nao huchakaa kabla ya wakati. Ukisikia mkwaruzo wa chuma nyuma ya injini inaponguruma polepole, uondoke, maana kuubadilisha hutaka injini itolewe. Range Rover na Discovery za dizeli ya V6 zimejulikana kwa kuvunjika mti wa injini (krankshafti), na mti wa injini ukivunjika hakuna tena matengenezo, kuna injini nyingine tu. Gari hizi hupendeza sana, na ukikaa ndani yake utajua kwa nini watu huzipenda. Lakini mtu asiye na gari la pili nyumbani asizitegemee.

Juu ya mazuti, yaani dizeli, kwa jumla nina neno zito zaidi. Dizeli za Ulaya za mwaka 2009 na kuendelea ziliundwa kwa mafuta ambayo kiberiti chake hakizidi sehemu 10 kwa milioni, na katika bomba la moshi zina chujio la masizi linalojisafisha lenyewe kwa moto gari likiwa katika mwendo mrefu. Gari hilo likiletwa katika mji wa safari fupi, likanyweshwa mazuti ya namna yoyote yaliyopatikana, chujio huziba, taa huwaka, nguvu hupotea, na fundi asiye na subira hulitoboa chujio hilo kwa nondo. Kwa hiyo, kwa mnunuzi wa Lubumbashi anayetaka gari la fahari la miaka ya karibuni, esansi ni salama kuliko mazuti, ingawa wengi hawataki kusikia. Na hata kwa esansi, fungua kifuniko cha tangi usome: gari za turbo za Ulaya huandikwa humo 95 au 98, yaani daraja la mafuta zinayoyataka, nawe uulize kama kituo unachokitumia kinayo.

Siku ya kulikagua gari, nenda asubuhi, jua likiwa limekwisha kutoka, pamoja na fundi uliyemchagua mwenyewe. Fundi huyo umlipe ujira wake akikuambia nunua au akikuambia usinunue, ili ulimi wake uwe huru; asiwe fundi wa komisionere, yaani dalali, kwa sababu komisionere hula kwa muuzaji na kwako pia, na fundi aliyemleta atamgawia. Mwambie muuzaji mapema asiliwashe gari kabla hujafika. Ukifika, weka mkono juu ya boneti. Likiwa moto, ujue kuna jambo la injini baridi ambalo wewe hukutakiwa ulione, na inafaa urudi siku nyingine bila ya taarifa.

Lizunguke kwanza pasipo kusema neno. Magari bora yana nafasi zilizo sawa baina ya mlango na mlango, kwa usahihi wa kiwanda. Nafasi ikiwa pana upande mmoja na nyembamba upande mwingine, mwili umenyooshwa. Rangi ya kiwandani huwa na unene wa mikroni kama 100 hadi 180, na kipimo chake ni chombo kidogo ambacho fundi wa rangi anayejiheshimu hukosi kukikuta kwake. Penye mikroni 500 pana bandiko la ajali. Tazama vichwa vya bolti za madigadi ya mbele na za boneti: zikiwa zimekwaruzwa, zilifunguliwa. Soma tarehe katika vioo, kisha katika tairi, ambazo tangu mwaka 2000 zina tarakimu nne za juma na mwaka, kwa mfano 2319 ni juma la 23 la mwaka 2019. Kioo kimoja kikiwa cha miaka mitano baada ya vingine, kuna siku kilivunjika, na ni haki yako kuambiwa ilikuwaje.

Ndani, usiamini mita ya kilomita peke yake, maana kuirudisha nyuma ni kazi ya dakika chache kwa mwenye chombo. Amini mpira wa pedali ya breki, ukingo wa kiti cha dereva na ngozi ya usukani: kilomita 70,000 haziwezi kulainisha pedali hata chuma kikaonekana. BMW nyingi huhifadhi hisabu ya kilomita katika kompyuta zaidi ya moja, na skana nzuri huzilinganisha. Zikitofautiana, hiyo ni ithibati ya ghushi, na aliyeghushi kilomita hana sababu ya kusema kweli katika mengine. Washa ufunguo bila kuwasha injini, uone kama taa ya mfuko wa hewa huwaka kisha ikazimika. Isipowaka kabisa, huenda balbu imetolewa ili kuficha. Na kama gari ni la kati ya 2000 na 2015 hivi, uliza habari za mifuko ya hewa ya Takata, ambayo kwa joto na unyevu wa miaka hupasuka na kurusha vipande vya chuma. BMW, Mercedes, Toyota na Lexus zote zilikuwamo katika mwito wa dunia nzima wa kurudisha magari yenye mifuko hiyo, na kwa namba ya chasisi tovuti za viwanda zitakuambia kama gari hilo lilipaswa kurudishwa.

Sasa injini na iwashwe, nawe usimame nyuma. Moshi wa buluu ni mafuta ya injini yanayoungua. Mweupe mzito usiokoma ni maji yanayoingia ndani. Mweusi ni mafuta yasiyoungua vema. Fungua kifuniko cha mafuta ya injini: ute mweupe kama maziwa yaliyochujuka ni dalili kwamba maji na mafuta yamekutana. Kisha skana. Wengi hufurahi skana isipoonyesha kosa lolote, na hapo ndipo hudanganyika, kwani makosa yaweza kuwa yamefutwa asubuhi ile ile. Mwambie fundi afungue ukurasa wa majaribio ya ndani ya kompyuta. Ukikuta mengi hayajakamilika, kumbukumbu imefutwa siku hizo, na inakupasa uombe gari liendeshwe zaidi kisha lipimwe tena.

Mafuta ya gia yasomwe kwa pua. Yaliyoungua hunuka. Muuzaji akikuambia kwamba gia ya gari lake imejazwa mafuta ya kudumu maisha, mjibu kwa adabu kwamba ZF, kampuni ya Ujerumani iliyounda gia za BMW na za Land Rover, yenyewe hushauri yabadilishwe baada ya kilomita 80,000 hadi 120,000. Gari lenye springi za hewa lisimame saa nzima bila injini. Ikiwa kona moja imelala, umepata hoja ya kupunguza bei, au ya kuondoka. Baadaye lipandishwe juu ya shimo la gereji, mkae chini yake na taa. Hapo ndipo ukaguzi wa kweli ulipo, na mnunuzi anayekataa kuchafua shati lake ndiye anayenunua kwa macho.

Mwendo wa majaribio usiishie katika kuzunguka mtaa mmoja. Lipeleke penye mashimo, usikie kama kuna mlio wa viungo. Lizungushe usukani ukiwa umekatwa mwisho, usikie kama shafti zinagonga. Kisha toka katika barabara ya Likasi uendeshe kilomita 100 kwa saa, ukaze breki mahali penye nafasi, uone kama usukani hutetema au gari huvuta upande mmoja. Washa kiyoyozi muda wote. Tazama mshale wa joto, na uuangalie tena gari likisimama na injini ikiendelea kunguruma, kwani radieta iliyoziba hujulikana wakati wa kusimama.

Hati zilingane na chuma. Namba za chasisi zilizo katika carte rose (hati ya usajili wa gari), katika hati ya forodha iliyotolewa na DGDA na katika bamba lililopigwa mwilini ziwe moja, herufi kwa herufi. Gari la Japani lina namba yake fupi ya chasisi, na la soko jingine lina namba ya herufi na tarakimu 17. Bamba likionyesha alama ya msasa au bolti mpya, usiendelee. Magari ya fahari huibwa Afrika ya Kusini na nchi nyingine yakavushwa mipaka, na Interpol ina orodha ya magari ya wizi ambayo polisi wa Kongo wanaweza kuipekua; gari likikutwa ni la wizi hurudishwa kwa mwenyewe, na dola zako hazirudi nalo. Hati ya mauzo itiwe sahihi mbele ya notere, na jina ligeuzwe katika carte rose kabla ya fedha za mwisho kutolewa. Bima na vignette ni vyepesi ukilinganisha na hayo.

Dalali akija wakati mko katika ukaguzi akakuambia, "Papa, kuko mwingine anakuja na makuta saa nane," mjibu kwamba huyo mwingine na aje. Magari huvuka Kasumbalesa kila siku ya Mungu. Na ikiwa mtu ataniuliza leo lipi nimchagulie kwa fedha zake za akiba, nitamtajia Land Cruiser ya mia moja ya esansi au Lexus LX 470 ya usukani wa kushoto kutoka Dubai, yenye ithibati ya kubadilishwa mkanda wa injini, iliyokaguliwa juu ya shimo na fundi wake mwenyewe. Na ikiwa moyo wake umefungamana na Mercedes, basi W211 ya esansi ya baada ya 2006, kwa sharti hilo hilo.